Mazishi Kabla ya Harusi

Mjukuu wangu Zainabu,

Shikamoo yako nimeipokea, marahaba! Hapa Ikungi tu wazima, alizeti imekubali, na kila anayepita namwambia mjukuu wangu anahariri filamu za Wagiriki huko Athene!

Unauliza kama kuhamisha kipande kimoja kweli kunabadilisha filamu. Weee! Nilikuwa mjane kijana, nimeapa siolewi tena, gari la sinema lilipoleta filamu ya huko huko uliko. Lugha hatukuielewa. Tulimwona mwanamke mwenye nguo nyeusi akimzika mumewe, kisha yuleyule amevaa shela, anacheka. Shangazi yangu akapaza sauti, "Eda imekwisha, kaolewa!" Uwanja mzima ukalipuka vigelegele. Nami nikapiga, huku machozi yananitoka.

Haukupita muda nikamkubali kijana aliyeendesha ile mashine ya sinema, ndiye babu yako. Tulipokwisha kuoana ndipo akakiri: alikosea, akatanguliza mkanda wa pili. Kumbe harusi ndiyo ilikuwa mwanzo, na aliyezikwa ni yule bwana harusi!

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Filamu ya watu aliiharibu kabisa, lakini mama yako kazaliwa, nawe upo. Hebu kihamishe hicho kipande tuone!

Bibi yako