Mlango wa Rukia Usifunguliwe kwa Kadi

Leeds, Jumapili, baada ya zamu ya asubuhi

Dada Zena,

"Nyumba ni kuta tu, Khadija. Harusi ni watu, na watu tutawapeleka popote." Hivyo ndivyo alivyoniambia mumeo, Shemeji Omari, kwenye simu Ijumaa, kisha akaniaga haraka kama wakili aliyeshinda kesi. Hakushinda. Nimeyatafuna maneno yake siku mbili huku nikitandika vitanda, na leo nayajibu kwa barua, nitakayoipiga picha niwatumie kwa simu iwahi, kwa sababu kwenye simu yeye hupaza sauti, mimi hupaza yangu, na wewe hupati hata nafasi ya kupumua.

Lakini salamu kwanza. Assalaam alaykum wewe na wote mlio nyumbani. Kikohozi chako kimekwisha, au bado unakificha kwa tangawizi? Mama analala, au magoti yanamwamsha? Mimi mzima, alhamdulillahi, ila mgongo. Hotelini kwetu kazini wamepunguza watu, na vyumba nilivyokuwa nikigawana na mwenzangu sasa ni vyangu peke yangu. Baridi nayo imewahi mwaka huu. Natoka gizani, narudi gizani.

Sasa nirudi kwa mumeo. Anasema harusi ni watu. Watu gani? Mama si mtu?

Nitaanza na kosa langu, maana nisipolitaja mimi atalitaja yeye. Hoteli ile ya ufukweni, ng'ambo ya maji, ya kumfanyia Rukia harusi, niliichagua mimi. Mimi ndiye niliyetuma picha, mimi niliyewagombeza mwezi mzima. Wewe uliniuliza neno moja tu, "Na Mama je?", nami nikakupa hotuba ndefu kuhusu watu wanaong'ang'ania ya kale. Omari alikuwa upande wenu siku zile. Hoja zote anazonirushia leo, kwamba ngazi zetu ni nyembamba, kwamba wakubwa wake wa ofisini watatoka jasho, nilimfundisha mimi. Sababu yenyewe sikuwaambia. Miaka kumi na sita nawahudumia maharusi wa watu, Dada. Nilitaka mara moja tu mtu mwingine atandike kitanda cha mtoto wetu. Yaliyobaki yalikuwa mapambo ya maneno, na unajua maneno hayanipi shida.

Kilichonigeuza ni bintio Rukia mwenyewe. Wiki mbili zilizopita alinipigia akitoka shuleni kufundisha.

"Mama mdogo, Bibi atakaa mlango upi?"

"Mlango wa nini tena?"

"Wa chumba. Siku ya harusi, Feisal akija kuingia."

Nikacheka. Kisha nikaikumbuka harusi yako.

Unakumbuka siku ya Omari? Kaja na watu wake, joho limemlemea, na Mama kaweka kiti chake katikati ya mlango wa ndani, hapiti mtu. Akamtazama juu mpaka chini. "Huyu ndiye? Mbona mwembamba hivi? Atabeba nini?" Omari akatoa kifungua mlango, fungu la noti, kwa mikono miwili. Mama akakipima machoni: "Hiki ni cha banda la kuku. Mlango wa mwanangu ni wa mbao ya mvule." Wanawake walicheka mpaka wakalia. Omari akaongeza, akaongeza tena, na alipoingia aliinama, akambusu Mama mkono. Tangu siku ile hajawahi kumjibu Mama vibaya, na mimi nasema ni kwa sababu ya mlango ule. Mwanamume aliyesimamishwa na mwanamke mzee mbele ya watu anajua ameingia nyumbani kwa nani.

Basi nikapiga simu hoteli ile ya ufukweni. Kijana mmoja mwenye adabu akanipokea. Nikamuuliza kuhusu mlango. Akasema, "Usiwe na wasiwasi, mama. Bwana harusi atapewa kadi. Akiigusisha tu, unafunguka." Nikamuuliza watakaa siku ngapi. "Usiku mmoja, mama. Saa nne asubuhi tunaomba wawe wametoka, kuna wageni wengine."

Saa nne asubuhi! Dada, mimi ndiye mwanamke anayegonga mlango saa nne asubuhi. Jumamosi iliyopita niligongea maharusi hapa. Bibi harusi akafungua, viatu mkononi, nywele zimejaa pini, akaniomba radhi. Mimi! Ananiomba radhi kwa kuwapo siku ya pili ya ndoa yake. Walikusanya vitu vyao mbio mbio, na maua yao nikayatia katika mfuko mweusi wa taka, maana saa nane chumba kilikuwa cha mwingine. Nilikaa ukingoni mwa bafu nikamwona Rukia wetu, hina haijakauka vizuri, akimwomba radhi mfanyakazi wa watu.

Nimesoma vitabu vingi vinavyodai kwamba desturi zetu zimemfunga mwanamke, na vingine nimevikubali, kwa sababu mengine ni kweli. Lakini hili silikubali. Kwetu mwanamume ndiye anayeletwa. Nyumba ni ya mwanamke, kaandikiwa na babake, na mume huja akiwa mgeni mpaka azoeleke. Omari mwenyewe kampakia Rukia chokaa kuta za ghorofa ya juu, kapandisha kitanda kwa kamba kupitia dirishani, nusura kimvunje bega. Kazi yote ile kaifanya kwa nini, kama usiku wa kwanza bintiye atalala kwa mtu baki? Hotelini wote wawili ni wageni, na mwenye funguo ni mwingine. Hayo ndiyo maendeleo? Mimi nayaita kupoteza.

Ijumaa nikamwambia Omari haya yote. Akaniambia, "Mama atachukuliwa kwa mashua, vijana watambeba mpaka mchangani." Hapana gati pale, Zena, wenye magoti mazima hukunja nguo, wakapita majini. Nikampigia Mama. Akaniambia, "Nendani tu, mwanangu, n'tawaombea. Ndia ya bahari siiwezi tena. Na sibebwi kama gunia la nazi mbele ya wakwe." Sauti yake ilikuwa nyepesi, kama hapana neno. Lakini Rukia kaniambia kwamba kabla Mama hajasikia habari ya hoteli, alikipeleka kile kiti chake cha mlangoni kwa fundi kisukwe kamba mpya. Kimerudi. Kimegeuziwa ukutani.

Nilipomwambia Omari habari ya kiti, akasema, "Basi atatazama kwa simu."

Usiniambie mimi habari ya simu. Harusi nne za ukoo nimehudhuria kwa simu, na hitima ya Baba pia. Mwaniegemeza kwenye kopo la sukari. Naona boriti za dari. Naona mkono wa mtu unapita na sinia. Nasikia vigelegele nami sijui kimetokea nini, nauliza, na mwenye simu ananiambia "ngoja kidogo", kisha chaji inakwisha. Kwenye hitima ya Baba nilisoma Yasini peke yangu jikoni huku nikitazama dari. Mimi niko mbali, hilo ni langu, nimelichagua. Mama yuko ghorofa moja chini ya chumba cha mjukuu wake. Mumwegemeze naye kwenye kopo la sukari kwa lipi?

Nisalimie Mama, umbusu mikono yote miwili. Msalimie shangazi yetu wa Mbwajumali, umwambie ule ufuta wake ulifika salama. Msalimie jirani yetu wa upande wa kibla, ambaye najua ameshaanza kuulizia pilau. Wasalimie walimu wenzake Rukia wa kutoka bara, walioketi nanyi mkekani miaka yote hii bila kulalamikia ngazi zetu. Na Feisal umwambie namtaka radhi kwa usumbufu.

Sasa ninayoyataka. Shemeji Omari, najua unaisoma barua hii begani kwa mke wako. Hoteli inataka jibu Alhamisi. Nenda wewe mwenyewe, usitume mtu, ukawaambie hatuji. Malipo ya awali niliyatoa mimi, yakipotea, yamepotea. Kisha wapelekee habari wazee wa Feisal Kizingitini, waijue kutoka kwako kabla hawajaisikia sokoni. Nawe Zena, nyumba ile Baba alikuandikia wewe. Mimi nimeisemea vya kutosha, mumeo kaisemea vya kutosha. Kabla ya Alhamisi nipigie, simu uishike wewe, uniambie kwa kinywa chako bintio ataolewa wapi.

Mdogo wako,
Khadija