Lutuku ku Mikono

Kamina, siku ya ine, 1998

...na ile mikono yake haitoke mu kichwa yangu.

Leo tulizika mutoto wa Mama Ngoyi, jirani yangu. Surua.

Juma iliyopita alimuleta ku dispensere. Tangu vita treni haifike tena: chanjo hakuna, alkoli hakuna, hata sabuni. Nikamwambia anawe mikono na lutuku, ile pombe kali, kila mara mbele ya kumushika mutoto. Miye muganga nilijua surua inapita mu pumzi. Lakini niliona haya kumurudisha bila kitu.

Alinawa mpaka ngozi ikapasuka.

Ku kilio nilimunyoshea mukono. Hakuushika.

"Ngoja ninawe kwanza, Mama muganga," akasema, akitafuta chupa. "Weye uko na batoto."