Muhuri Uliokaa Kwenye Kizibao

Mtaa wa Shule ya Zamani,
Nagaur, Rajasthan.
9 Februari 2020

Mpendwa mwanangu Gomti,

Kosa la wengi ni kumpongeza mwanamke siku anapochaguliwa. Mimi nitasubiri kidogo. Kwanza u hali gani? Kikohozi cha mama mkwe wako kimepungua? Mimi magoti tu yananisumbua, mengine shwari.

Nimeiona picha ya ushindi wako wa uenyekiti wa kijiji. Harphool, mumeo, amevishwa mashada ya maua hadi masikioni. Wewe uko pembeni, umejitanda utaji usoni. Nimesikia pia kwamba muhuri wa baraza la kijiji anao yeye, na kikao chako cha kwanza ni kesho. Ndiyo sababu naandika.

Watu hunijua kama mbunge wa zamani wa bunge la jimbo kule Jaipur, wakadhani nilianza na sauti kubwa. La. Mwaka 1995, kiti cha kijiji chetu kilipotengwa kwa wanawake, nilishinda, kisha nikaketi mkekani. Mume wangu Ghasiram ndiye aliyekalia kiti. Muhuri ulikaa kwenye kizibao chake. Hakuwa mtu mbaya. Kila mtu alifanya hivyo, nami niliona ni heshima.

Mwaka uliofuata, Ghasiram alikwenda kwenye mnada wa ng'ombe, na kizibao chake mwilini. Jamna, mjane wa jirani, akaja na fomu ya pensheni. Siku hiyo ndiyo ilikuwa ya mwisho ya kupokea fomu hizo.

"Nigongee muhuri, dada."

Nikamwambia muhuri umekwenda mnadani.

Akanitazama. "Basi kura yangu nilikupa wewe au nilikipa kizibao?"

Jamna akaondoka na fomu yake. Alisubiri mwaka mwingine, akivunja mawe barabarani na mgongo ule mbovu.

Ghasiram aliporudi nilimwandalia mkate wa uwele na mtindi, nikanyoosha mkono. "Nipe muhuri."

Akacheka. "Wa nini? Utaukaangia vitunguu?"

Mama mkwe wangu, ambaye hakuwahi kunitetea hata siku moja, akasema toka kwenye kitanda chake cha kamba, "Mpe! Mimi nilimpigia kura yeye. Wewe jina lako halikuwamo hata kwenye karatasi."

Ghasiram akanipa, akanuna siku tatu, kisha akazoea. Niliufunga kwenye pindo la mtandio. Mwaka 2000 kiti hakikuwa cha wanawake tena. Niligombea na wanaume wanne nikawashinda, na Jamna ndiye aliyenipitisha nyumba kwa nyumba. Halmashauri ya wilaya na ubunge vilifuata baadaye.

Kuhusu utaji, usiharakishwe na mtu. Mimi niligonga muhuri nikiwa nimejitanda miaka minne, na hakuna karatasi iliyorudishwa kwa sababu hiyo. Utaji unaweza kusubiri. Muhuri hauwezi, kwa sababu kila siku kuna Jamna mlangoni.

Nisalimie mama mkwe wako, shemeji yako Sugni na watoto. Harphool naye msalimie kwa upendo. Ni kijana mwema, na wema wake ndio utakaokupa kazi ngumu ya kumdai muhuri. Mungu akupe ujasiri wa kusema na subira ya kusikiliza.

Ni mimi shangazi yako, nikupendaye tangu ukiwa mgongoni,
Rameshwari

N.B. Barua hii anakuletea binamu yako Devkaran kwa mkono. Ukishaisoma, leo hii kabla ya chakula cha mchana, nenda kwa Harphool umwombe muhuri.