Mechi ya Siku ya Moto

Shangani, Mtwara
Jumapili, 17 Agosti 2008

Baba yangu Francisco,

Tumsifu Yesu Kristo. Shikamoo Baba, na ya Mama nakuomba umfikishie popote alipo, jikoni au kisimani. Natumaini barua hii inawakuta mnapumua vizuri, uvimbe wa mguu wako umeshuka, na kile kikohozi cha Mama kimeondoka pamoja na baridi ya mwezi wa saba. Sisi huku hatujambo. Mimi sijambo kuliko nilivyowahi kuwa sijambo, na kama si haya nitakayoyasema mbele, barua nzima ingekuwa ya furaha.

Wiki sita za ndoa zimepita kama siku mbili. Kelvin huamka kabla yangu na kunichemshia maji ya kuoga. Majirani wamelisikia jambo hilo, na sasa wananiita Bibi Maji Moto. Nilidhani waume wa namna hii wanapatikana kwenye magazeti ya hadithi tu. Jioni tunatembea ufukweni, ananishika mkono mbele za watu, na nikiutoa kwa haya anauchukua tena. Mlangoni amebandika karatasi yenye majina yetu mawili, ameyachapa kwa herufi za mapambo, na kila nikitoka kwenda sokoni nayasoma kana kwamba sijawahi kuyaona. Baba mkwe ananiita binti yangu. Mama mkwe anasema nimeletwa na maombi yake. Mama asiwe na wasiwasi, mtoto wake anapendwa.

Mchana namsaidia Kelvin dukani. Ulipita pale mara moja tu, kabla ya harusi, na ulikataa kukaa, kwa hiyo huenda hukuona vizuri. Ni chumba kimoja chenye kompyuta nne. Asubuhi watu wanaleta barua za kuomba kazi zichapwe, na baada ya kazi vijana wanakuja kucheza mpira wa kwenye kompyuta. Najua huipendi michezo hiyo. Ulisema ndiyo iliyompoteza kaka Silvio. Nakuomba univumilie, maana siwezi kufika ninakokwenda bila kupita hapo.

Kelvin ameweka ndani ya kompyuta kubwa programu ya kurekodi kila kinachoonekana kwenye kioo, kama vile kuna kamera imekaa humo ndani. Vijana wakianza kucheza anabonyeza kitufe kimoja, na mechi nzima inahifadhiwa. Alianza kwa sababu ya ubishi. Mathayo, kinyozi wa chumba cha pili, akifungwa alikuwa anasema kompyuta imempendelea mwenzake, na kesho yake anakana kabisa kwamba alicheza. Kelvin akachoka na kesi zisizoisha. Sasa mtu akibisha, anaonyeshwa goli lake mara tatu mbele ya watu. Wenyewe wanasema twende mahakamani, na anayetoka mahakamani hana la kusema.

Lakini mechi hizo zinakula nafasi. Mchezo wa dakika kumi unajaza mahali ambapo barua za mtaa mzima zingekaa na nafasi ikabaki. Jumatatu iliyopita kompyuta ikagoma, ikasema imejaa. Kelvin akanifundisha kazi ya kuipunguzia mzigo: kufungua mechi ya zamani, kuitazama kidogo kama ina maana, kisha kuifuta. Kila moja ina tarehe yake. Yeye akaenda bandarini kumpelekea mtu karatasi zake, nami nikabaki peke yangu, nimevaa kanga yangu ya harusi, nikijiona karani mkubwa. Nilifuta nyingi bila huruma. Kisha nikafika kwenye moja ya tarehe 9 Septemba 2006.

Baba, tarehe hiyo unaijua. Ni Jumamosi lilipoungua shamba la bondeni.

Haya yafuatayo unayajua, ila nataka yakae kwenye karatasi kwa mkono wangu. Asubuhi ile ulifagia majani chini ya mikorosho, ukayarundika mafungu mafungu, ukayawasha, kisha ukamkabidhi Silvio moto na kwenda kwenye kikao cha chama cha msingi cha ushirika. Mama alikuwa kanisani na akina mama wenzake. Uliporudi, mikorosho thelathini na mmoja, aliyoipanda Bibi alipovuka kutoka Msumbiji na watoto mgongoni, ilikuwa imesimama myeusi. Silvio alikuja anakimbia kutoka barabarani. Alikiri kuwa alikwenda mjini kucheza, lakini akasema moto aliniachia mimi, na mimi nilikubali. Ukanigeukia. Ukaniuliza kama ni kweli. Nikasema hapana Baba, hakuniambia kitu.

Ulisema mtu asiyeweza kulinda moto hawezi kurithi shamba, na mtu anayemsingizia mdogo wake hawezi kukaa naye nyumba moja. Siku ya tatu Silvio akavuka mto Ruvuma kwenda Palma, Msumbiji, kwa mjomba. Mpaka leo salamu zake zinafika kwa Mama tu, kwa midomo ya wafanyabiashara.

Niliifungua mechi hiyo. Kabla mchezo haujaanza kioo kilionyesha saa pembeni, saa nne na dakika kumi asubuhi. Timu nyekundu ilikuwa ya Silvio, maana siku zote alichukua nyekundu. Nilidhani nitaona wachezaji wakikimbia basi. Lakini siku ile Kelvin alisahau kuzima kipaza sauti kilichokuwa juu ya meza, na programu ilikuwa imechukua mpira pamoja na kila neno lililosemwa mle chumbani.

Kwanza nilisikia kicheko cha kaka. Mama atakikumbuka, kile kinachoanza kama kikohozi. Kelvin mwenyewe hakuwamo, alisikika akiaga anakwenda kununua karatasi. Mathayo akamuuliza Silvio ametorokaje shamba wakati mzee wake yuko kwenye kuchoma. Silvio akajibu kwamba hakutoroka, moto amemwachia Nilza, na Nilza kakubali kwa sharti moja, kwamba arudi na barua kutoka kwa Kelvin, na akirudi mikono mitupu asirudi kabisa. Mathayo akamwambia kwamba moto unaolindwa na mtu ambaye na yeye anaungua utafika Msumbiji. Wakacheka wote wawili. Silvio akasema mdogo wake ana akili kuliko wao, hata akiwa amependa, na kwamba kabla ya saa saba atakuwa amefika nyumbani. Kisha akafunga goli, na hakushangilia sana.

Nimeisikiliza mara nne. Hivyo ndivyo ilivyokuwa, Baba. Aliniambia. Nilikubali. Nilimsukuma aende, kwa sababu ya barua.

Wakati ule ulikuwa hujamjua Kelvin. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, na kazi yangu kubwa duniani ilikuwa kusoma barua zake na kuzijibu. Silvio ndiye aliyetupelekea. Siku ile moto ulikuwa mdogo na umetulia, nikajiambia nitakuwa nautazama kwa mbali. Nikaingia ndani, nikakaa na karatasi, nikaanza kumwandikia. Niliandika kurasa nne. Sikusikia upepo ulipobadilika.

Uliponiuliza, niliona nikisema ndiyo itabidi nieleze nilikuwa nafanya nini, na jina la Kelvin litatajwa pale mbele ya miti iliyoungua, nawe hutalipenda jina hilo maisha yako yote. Nilichagua neno moja fupi. Na kuna jambo hulijui. Barua ya Kelvin ilikuwa mfukoni mwa Silvio tangu alipofika kutoka mjini. Angeitoa, ungeona ni nani aliyemtuma, na kwamba hasemi uongo. Hakuitoa. Alinitazama tu. Jioni alipita nyuma ya jiko, akaniwekea ile barua mkononi, akaenda kufunga nguo zake.

Nirudi dukani. Niliposikia sauti ile mara ya kwanza, nilichotaka kufanya nakiona aibu kukiandika. Nilitaka kuifuta. Ilikuwa ndiyo kazi niliyopewa, na hakuna ambaye angejua. Nilibonyeza. Lakini kompyuta haifuti kitu bila kuuliza, inaleta maneno mbele yako yanayouliza kama una hakika. Nikakaa nayatazama. Wewe hukuniuliza mara ya pili, Baba, kwa sababu uliniamini. Nadhani kama ungeniuliza mara ya pili ningesema kweli, lakini hilo nalo huenda ni uongo wa kujifariji. Nikabonyeza hapana.

Kelvin aliporudi alinikuta nimekaa sakafuni. Nilimwambia yote. Alikuwa anajua shamba liliungua na kwamba kaka aliondoka kwa ugomvi, lakini hakujua kwamba ugomvi ulikuwa juu ya neno langu. Hakunikaripia. Alifunga duka, tukarudi nyumbani, akaingia chumbani na kutoka na bati la biskuti anamoweka barua zangu zote. Akatoa moja. Tarehe 9 Septemba 2006, kurasa nne. Mwisho wake nimeandika hivi: nasikia harufu ya moshi, ngoja nikatazame, narudi sasa hivi. Hakuna kwaheri, hakuna jina. Nilimtumia hivyo hivyo baadaye kwa mkono wa rafiki yangu Raheli, na aliponiuliza kwa nini haina mwisho, nilimjibu kwamba mtu akipenda hawezi kuaga. Alilipenda jibu hilo. Siku ya harusi alilirudia mbele ya wageni, kama unakumbuka, na watu wakapiga vigelegele.

Wewe nawe siku hiyo ulisimama, ukasema shamba la bondeni, pamoja na miche sitini uliyopanda upya, halina mrithi, na kwamba unampa Kelvin kwa kuwa Mungu amekuletea mtoto mwingine wa kiume. Nililia. Watu walidhani ni furaha. Mama alikuwa ameketi karibu yangu, na kwenye leso yake alikuwa amefunga kipande cha keki, hakusema ni cha nani.

Kelvin amesema ananipenda leo kama jana, ila shamba hilo hawezi kulilima. Ameniomba nikuandikie mimi mwenyewe, si yeye, na niandike kabla hatujala kitu kingine kutoka mikononi mwenu. Kwa hiyo tunakurudishia shamba, Baba, kwa heshima zote. Lina mrithi. Hatukustahili kupewa, na wala si lako kumpa mtu mwingine. Nisamehe kwa kusema hivyo. Sijawahi kukusemesha namna hii.

Adhabu yangu naipokea yoyote utakayoona inafaa. Ukisema nisikanyage tena kijijini kwetu Mpapura, nitalia hapa Shangani. Ukitaka kuniita mbele ya ukoo, nitakuja na kusimama pale pale kwenye visiki, na nitasema kwa sauti. Ila usichelewe kumwita kaka kwa kunikasirikia mimi.

Barua hii anakuletea Yohana, mtoto wa shangazi, ambaye siku ya harusi alisimama mahali pa Silvio kunikabidhi. Yeye hajaisoma. Atalala kwako hadi utakapompa jibu, hata kama ni siku nne. Jumamosi mimi na Kelvin tutakwenda kivukoni Kilambo kuvuka mto kumtafuta Silvio. Hatutaki kwenda na zawadi wala na machozi yangu, ameshayapata ya kutosha. Tunataka kwenda na neno lako, limeandikwa na mkono wako, hata liwe moja. Yohana asipoleta kitu tutavuka hivyo hivyo, nami nitamwambia nimesema kweli na Baba bado anafikiri. Lakini najua yeye atanitazama mikononi kwanza.

Ndani ya bahasha kuna sahani ya CD. Kelvin ameondoa mchezo na kubakiza sauti peke yake, ili redio ya jirani yenu Mzee Salumu iweze kuipiga. Sikuileta kama ushahidi. Naomba safari hii uniamini kwa neno langu kabla hujaisikiliza. Nimeileta kwa ajili ya Mama, kwa sababu ya kile kicheko. Kiko mwanzoni kabisa, hatahitaji kungoja.

Msalimie Mama, mwambie nampenda na naogopa kumtazama. Msalimie Mzee Salumu na nyumba yake. Kelvin anawaamkia nyote, na wazazi wake wanasema ukija mjini safari hii ukae.

Baba, ile barua ya miaka miwili iliyopita niliiacha nikisema nakwenda kutazama moshi. Sikuwahi kurudi kuimalizia. Mwisho wake ndio huu.

Mimi mtoto wako, niliyeachiwa moto,

Nilza