Posa Iliganda Gemu Ikijisasisha

Mpendwa Mama Bernadetta,

Shikamoo. Naomba msaada wako kabla Jumapili haijafika, maana mchumba wangu ananiponyoka hivi hivi nikiona, na anayebebeshwa lawama siye mwenye kosa.

Mimi ni Mhaya wa miaka thelathini na mbili, ninaishi Butimba na nina ofisi ndogo ya kutengeneza kompyuta pale Mirongo, na kwa miaka minne nimekuwa na Suzana, binti wa Mzee Maige wa Buswelu, na Jumapili iliyopita ndiyo ilikuwa siku ya kujibiwa posa, mshenga wangu alikuwepo, wazee wa upande wao walikuwepo, sasa kwa upande wetu msemaji ni baba mkubwa Nestory aliyeko Bukoba, ambaye goti linamsumbua na alisema meli haiwezi, ikakubaliwa aongee kwa simu ya video kupitia kompyuta yangu, nami kama fundi nikapewa neno la siri la waifai ya pale nyumbani, ambayo Suzana aliiweka mwenyewe kwa sababu anafanyia kazi nyumbani, na inakimbia kweli kweli.

Mama, kila Jumapili jioni mimi hucheza gemu ya kivita na wenzangu watatu, na wiki hiyo ilikuwa imetoka apdeti ya gigabaiti sitini na mbili, usipoipakua huingii, na bando langu haliwezi kubeba mzigo kama huo, na hii programu ya magemu ina tabia mbaya ya kujisasisha yenyewe bila kumuuliza mtu, ingawa ukweli lazima niuseme, kwangu nilikuwa nimeizima tabia hiyo siku nyingi, ila asubuhi ile nikaiwasha, nikawaza kwamba wazee wakikaa huongea hata saa tatu, basi na gemu nayo ijipatie riziki hapo hapo.

Tulianza vizuri tu, salamu zikapita, mpaka Mzee Maige akauliza swali lake: "Huyu binti mnamchukua kama mtoto wenu, au atabaki mgeni kwa kuwa si Mhaya?" Baba mkubwa akainua kidevu ajibu, na hapo hapo picha ikaganda, kidevu juu, macho nusu, mdomo umepinda upande mmoja, yaani mtu yeyote angeapa kwamba anadharau, akakaa vile dakika nzima mbele ya wazee mpaka simu ikakatika, nami nikachungulia nikaona gemu inavuta intaneti yote, imefika asilimia sabini na moja, na kitufe cha kuisimamisha nilikiona, sikukibonyeza, nikasema Bukoba leo mtandao unasumbua. Mzee Maige akampigia rafiki yake wa Bukoba mjini kumuuliza, akajibiwa mtandao uko safi, tangu asubuhi wanaangalia mpira. Akaweka simu chini akasema taratibu, "Basi ametukatia." Simu yangu mimi ilikuwa mfukoni nimeizima mlio, baadaye nikakuta baba mkubwa amepiga mara saba.

Chakula hakikuliwa. Suzana alinisindikiza mpaka getini akaniuliza, "Baba yako mkubwa amenikataa?" nikamwambia sijui, na tangu siku hiyo hapokei simu zangu. Baba mkubwa naye amekasirika, anasema alijibu dakika tano nzima akiongea na kioo cheusi, kwamba Suzana ni mtoto wao na atapewa jina la marehemu bibi yetu, halafu anasikia huku Mwanza anaitwa mwenye dharau. Mzee Maige amesema Jumapili hii anarudisha barua ya posa.

Je, nikipata maandishi ya fundi mwenzangu kwamba mtandao ulikuwa mbovu, yatasaidia? Je, baba mkubwa hawezi kuomba radhi tu yaishe? Na je, hawa wenye programu ya magemu nawashitaki wapi?

Ni mimi niliyekosa usingizi, Butimba.

MAMA BERNADETTA ANAJIBU

Marahaba, fundi. Nimeisoma barua yako mara mbili. Mara ya kwanza nilicheka mpaka wenzangu ofisini wakaja kuuliza kuna nini. Mara ya pili sikucheka, kwa sababu nilifika pale getini.

Tuanze na hao unaotaka kuwashitaki, tuwamalize upesi. Hapa ofisini tuna Hellen, anayetushughulikia kompyuta, nimempa barua yako aisome. Anasema programu hizo zina sehemu ya kuchagua gemu isasishwe pale tu unapoifungua, au ndani ya saa unazozitaka wewe, na tena unaweza kuzuia isipakue chochote wakati una shughuli nyingine. Anasema pia ukifunga dirisha lake tu bado inaendelea kimya kimya, lazima utoke kabisa. Kisha akaniuliza, "Mama, huyu si fundi? Haya yote anayajua." Naam, unayajua. Ulikuwa umezima, ukawasha. Programu ilikutii, ndiyo kosa lake pekee. Izime tena leo, na wenzako watatu waambie vita viendelee bila wewe.

Sasa tuje kwako. Watu walivaa, wakapika, wakakusanya wazee kutoka huko waliko, na wewe ulikuja kwao na chombo cha kuchotea intaneti. Intaneti yenyewe ya nani? Ya Suzana, anayoitumia kujipatia ugali. Ulienda kumuomba binti wa watu huku unakomba alichokiweka mwenyewe, tena bila kumwambia. Nina hasira na wewe, sitaficha.

Na usinidanganye kwamba gemu ndiyo iliyogandisha posa. Picha kuganda ni jambo dogo, lingeisha kwa kicheko. Ungebonyeza kile kitufe, ungesema "wazee wangu, samahani, nimefanya ujinga," wangekutania mpaka siku ya harusi na baba mkubwa angemaliza maneno yake. Ungetoa hata simu mfukoni, mzee wa watu alikupigia mara saba akitafuta kumkubali mkwewe! Lakini ulitazama asilimia sabini na moja, ukaona zimebaki kidogo. Ukawasingizia Bukoba nzima. Ukamwacha mzee wa goti bovu aitwe mwenye maringo, na sisi Wahaya tunavyosemwa tayari, kijana wangu, hatukuhitaji msaada wako.

Maandishi ya fundi mwenzako hapana. Huo ni uongo wa pili wenye muhuri. Na baba mkubwa haombi radhi kwa mtu yeyote, wewe ndiye utakayemuomba yeye, leo, kabla hujala.

Kisha fanya hivi. Kesho mchukue mshenga wako mwende Buswelu. Usibebe kompyuta. Mwambie Mzee Maige mbele ya wazee walewale neno kwa neno: nilikuwa napakua gemu, niliona, sikusimamisha, nikadanganya. Usiseme "kwa bahati mbaya." Watakucheka, wengine watakutukana, kaa chini upokee. Faini wakikutoza, lipa. Mwombe Mzee barua aishike mpaka baba mkubwa afike mwenyewe, na wewe uende Bukoba umlete, hata kama ni kumshika mkono kila ngazi ya meli.

Lakini kabla ya Mzee Maige, Suzana. Umeniuliza maswali matatu, na hakuna hata moja linalomhusu yeye. Siku sita huyu binti anaamka akijua kwamba ukoo wa mwanaume anayempenda umemtazama usoni na kumkunjia mdomo, na wewe uliyekuwa na jibu ulimwambia hujui. Hapokei simu? Sawa, ana haki. Nenda ukasimame getini kwao mchana kweupe umwambie alichosema baba mkubwa, pamoja na jina atakalopewa, kisha umwambie ni nani aliyelizuia lisimfikie. Halafu nyamaza umwache ajibu. Akisema hapana, usitume mshenga wala usiniandikie mimi barua nyingine. Utaipokea hapana yake hapo hapo ulipo, umshukuru kwa miaka minne, urudi Butimba.