Ubao Uliovushwa Barabara

...na hapo ndipo mvua ilipotukatiza mara iliyopita, Shangazi akiwa bado amesimama na kidole chake kikiwa bado kinamwelekea Mwenyekiti. Kikao cha nne cha Umoja wa Wahitimu wa Chuo chetu cha Ualimu kiliendelea kutoka hapo hapo.

TAREHE: Jumamosi, tarehe 8, saa nne asubuhi
MAHALI: Darasa la nyuma, jengo jipya la chuo

WALIOHUDHURIA: Mwenyekiti (mwalimu mkuu msaidizi), Shangazi (Mweka Hazina, mkubwa wetu kwa umri), Chaki (mjumbe wa jengo jipya na, tangu mwezi uliopita, mume wa Katibu), wajumbe wengine wa majengo yote mawili, Katibu.
HAKUHUDHURIA: Mkuu wa Chuo. Hakutoa udhuru.

KUMB. NA. 1/4: HALI YA KESI
Mwenyekiti alieleza kwamba Baraza la Vyuo, tulilolishtaki ili vyeti vya wahitimu wote vitambuliwe, limeshikilia msimamo wake mahakamani: kibali lilikitoa kwa jengo la zamani, na Mkuu wa Chuo alikihamishia chuo ng'ambo ya barabara bila kuarifu. Kwa hiyo waliosoma jengo la zamani ni walimu halali. Waliosoma jengo jipya vyeti vyao havitambuliki.

Chaki alikumbusha kwamba ameondolewa darasani katikati ya somo, wanafunzi wake wakimtazama, ilhali jengo lenye kibali sasa ni ukumbi wa harusi. Katibu alithibitisha hilo, kwa kuwa ndimo alimofungia harusi yake. Maua meupe yalipangwa pale pale lilipokuwa dawati lake, na bwana harusi alipoingia na suti yake ya kijivu, ukumbi mzima...

"Katibu," Shangazi alisema, "andika kesi. Bwana harusi tumeshamwona."

Wajumbe walicheka. Hawakucheka tena.

KUMB. NA. 2/4: HOJA YA KUJITOA
Mwenyekiti alipendekeza wahitimu wa jengo la zamani wajitoe kwenye kesi, kwa kuwa wakili wa Baraza ameahidi kwamba wakijitoa, vyeti vyao havitaguswa. Alisema, "Nina watoto wanasoma. Siwezi kukosa kazi kwa sababu mwenzangu alivuka barabara."

Chaki alijibu kwamba hakuvuka kwa hiari yake. Alivushwa na chuo, pamoja na walimu wale wale na ubao ule ule, ambao yeye mwenyewe aliubeba kichwani.

Mwenyekiti alisema kubeba ubao ni kazi ya hamali, haimfanyi mtu kuwa mwalimu.

Kalamu ya Katibu ilisimama kidogo, kisha ikaendelea.

Shangazi aliomba wajumbe wautazame ubao nyuma ya Mwenyekiti. Kwenye fremu ya chini limechorwa kwa ncha ya bikari neno BINGWA, jina la utani la Mwenyekiti, alilolichora mwenyewe enzi za jengo la zamani.

"Jina lako limo kwenye jengo lisilotambulika, mdogo wangu," Shangazi alisema. "Na hilo nalo utalitoa kwenye kesi?"

Mwenyekiti alisema ule ulikuwa utoto, akaitisha kura. Hoja ilipita. Kwa upande wa jengo la zamani, walioipinga ni Shangazi na Katibu peke yao.

KUMB. NA. 3/4: MENGINEYO
Mwenyekiti alimwagiza Chaki aipige msasa fremu hiyo, endapo mahakama itakuja kukagua.

"Msasa umo kabatini, Mwenyekiti," Chaki alijibu. "Njoo upige mwenyewe." Sauti yake haikupanda hata kidogo. Katibu alimtazama akaona hakukosea kuchagua.

Katibu aliomba iandikwe kwamba jina lake lisitolewe kwenye kesi, ingawa cheti chake ni salama.

Mwenyekiti aliuliza, "Wote wawili mkikosa kazi mtakula nini, mapenzi?"

Katibu alijibu kwamba chochote kitakachopatikana, watakila pamoja.

KUFUNGA
Kikao kilikwisha saa sita mchana. Waliojitoa walitoka kwa mlango wa mbele bila kuaga.

Mwenyekiti: (amekataa kutia sahihi mpaka habari ya fremu ifutwe. Haikufutwa.)
Katibu: (sahihi)

Kwa wajumbe waliobaki: karani wa mahakama ametuarifu jioni hii kwamba jaji atakuja kujionea majengo yote mawili kabla mwezi huu haujaisha. Mimi na mume wangu tutampokea mlangoni. Ubao tutaufuta vizuri, fremu tutaiacha ilivyo.