Wanapita Njia ya Juu

Nyumbani, juu ya Mkuyuni
19 Juni 1977

Mpendwa Mjomba Stambuli,

Shikamoo. Pokea salamu zangu kutoka huku mlimani, ambako mvua zimekwisha na ukungu hautoki mpaka saa nne asubuhi. Je, kifua chako kinaendeleaje na vumbi la Tabora? Mkaza mjomba Mariamu na watoto hawajambo? Mimi mzima. Nimefika likizo juma lililopita, na masomo yananiendea vizuri isipokuwa hesabu.

Katika barua yako uliuliza kama Mama, dada yako, ameanza kulima tena. Alianza, Mjomba, kisha akaacha. Nitakueleza yote, ila naomba usikasirike kwamba sikukuandikia mapema.

Hukuwapo siku Mama aliposhushwa mlimani. Baada ya kuteleza na mkungu wa ndizi, mguu wake wa kulia ulikufa ganzi, hakuweza kukaa wala kugeuka. Salum, Tomasi, Petro na vijana wengine walifunga blanketi kwenye miti miwili, wakambeba kwa machela hadi barabarani, njia yote ile ya mawe, wakipokezana mabega. Petro alimtania Tomasi kwamba anatoka jasho kama aliyebeba mahari ya wake wawili, na Mama, katika maumivu yale, alicheka. Walipompakia kwenye lori la ushirika, Salum alimwambia kwamba wao kazi yao ni kushusha tu, kupanda atapanda mwenyewe.

Na kweli alipanda mwenyewe. Alirudi kutoka kupasuliwa Dar es Salaam na mshono mrefu mgongoni, akapanda mlima polepole na fimbo yake, wanawake wakampokea kwa vigelegele. Mwenyekiti wa kijiji akamsimamisha mkutanoni, akasema haya ndiyo matibabu ya bure tunayoyasema kila siku, tazameni kwa macho yenu. Watu wakapiga makofi. Wale waliombeba wakampa jina la Mgongo wa Serikali. Hata watoto wakamwita hivyo, naye huwajibu kwamba basi wamwamkie kwa adabu, yeye ni mali ya umma.

Maumivu yalirudi kabla maharage hayajatoa maua. Hakumwambia mtu. Mimi nilijua likizo iliyopita, nilipomkuta amekaa juu ya kinu kilichopinduliwa, khanga ameikaza kiunoni kama kamba ya mzigo, ugali unaungua mbele yake na hawezi kuinuka auepue. Niliuepua. Tulikula ule ule ulioungua.

Mwezi wa nne alikuja mjini, akafikia Mafiga kwa Mama Mdogo ninakokaa nikisoma, nikampeleka hospitali. Wakampiga picha. Daktari alikuwa mpole. Aliiinua picha dirishani, akatuonyesha mifupa, akasema kazi ilifanyika vizuri na hakuna cha kukata tena. Mama akamweleza jinsi panavyowaka kuanzia kiunoni hadi kisigino. Daktari akasema anamwamini, wako watu wanaobaki hivyo, na madaktari wenyewe hawajui vizuri kwa nini. Akatupa vidonge. Tulipokaribia kwa Mama Mdogo, Mama aliniambia kwamba kama picha ni nzuri na yeye anaumwa, basi mwongo ni yeye.

Nilisoma sura ya uti wa mgongo katika kitabu cha biolojia hadi nikaikariri. Michoro yake ni mizuri sana. Hakuna mahali palipoandikwa la kufanya.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Unakumbuka kwamba njia ya bondeni inapita mbele ya uwanja wetu. Kila walipopita wale waliombeba, Mama alisimama. Hata angekuwa amelala mkekani, akisikia kicheko cha Petro alijivuta kwa kushika mwimo wa mlango, akawasalimu wima, akawauliza habari za watoto wao. Wakishapita alilala tena, uso umelowa jasho. Nilimwomba awe anawasalimu amekaa. Akasema wale walitoa mabega yao, hawezi kuwaonyesha kwamba walibeba jiwe.

Tangu nije likizo hii hakuna hata mmoja wao anayepita. Mama anasema wamemchoka. Anasema wameona Mgongo wa Serikali hauonekani tena kwenye shamba la ujamaa, wakamhesabu mvivu. Chakula anakigusa tu. Jana aliniuliza kama nadhani akiwapelekea ndizi watazipokea.

Juzi nilikwenda kuchota maji, nikamwona Salum akipanda na mzigo wa kabichi kwa njia ya juu, ile ya msituni inayozunguka mbali. Unajua ninavyoogopa kusema na watu wazima, lakini nilimwamkia na kumwuliza kwa nini wametususa. Akautua mzigo. Akasema wanajua zamani sana kwamba Mama anaumwa, maana waliomsikia akiugulia maumivu kwenye machela hawawezi kudanganywa na salamu. Ndipo wakakubaliana wapite juu, ili asisimame. Hata Tomasi, mwenye goti bovu, anapita juu. Akanikanya nisimwambie Mama. Akijua kuwa wanajua, alisema, ile aibu itammaliza kuliko mgongo.

Mjomba, nifanye nini? Nikimwambia, nitakuwa nimemvua nguo mbele ya watu. Nikinyamaza, ataendelea kuamini kwamba wanamchukia watu wanaozunguka mlima kwa ajili yake. Shuleni naandika insha za hoja za pande mbili na mwalimu hunisifu, lakini hii sina hitimisho lake. Wewe ndiye kaka yake na mkubwa wa ukoo wetu. Ukipata ruhusa kazini, njoo. Usipopata, niambie tu nishike lipi.

Leo asubuhi alisikia nyayo njiani. Akainuka, akajipangusa uso, akatengeneza khanga. Alikuwa mbuzi wa jirani yetu Bibi Paskalia amekata kamba. Mama alibaki amesimama mpaka mbuzi akapita.

Wasalimu sana wote wa hapo nyumbani. Bibi Paskalia naye anakusalimu, anasema usisahau kwenu. Mama yuko hapa karibu yangu. Kisomo cha watu wazima bado hakijamfikisha kwenye mwandiko wa kuunganisha, hivyo ananiuliza kama nimekuandikia kwamba yeye ni mzima na mgongo wake ni mzuri. Basi naandika: Mama anasema ni mzima na mgongo wake ni mzuri. Anangoja anione nikifunga bahasha. Nimemwomba akae, amekataa.

Mpwa wako akupendaye,
Asia Salehe